Nilivyosimama Kutazama Maziko Yangu Kule Chole

Nyie vijana mnaokuja kwangu hapa Kibaha, mtaa wa Picha ya Ndege, na simu zenu zenye kamera tatu nyuma, mkasimama mlangoni na kuniuliza, "Baba Mkwe, na sisi tunataka kuigiza, tuanzie wapi?", leo kaeni. Viti havitoshi, lakini mkeka upo, na mimi nikianza kusema watu huwa wanasahau wamekalia nini.

Kwanza mnijue. Jina la Baba Mkwe sikupewa na wakwe zangu. Nimepewa na barabara nzima kutoka Kibaha mpaka Kisarawe, kwa sababu kwenye filamu na tamthilia nimeozesha mabinti wengi kuliko mashehe na mapadri wa Mkoa wa Pwani wakiwekwa pamoja. Nimekuwa baba mkwe, mwenyekiti wa kijiji, hakimu, mstaafu mwenye shamba, na yule daktari anayevua miwani kabla ya kusema habari mbaya. Staa sijawahi kuwa. Kwenye mabango sikuwahi kuwekwa, isipokuwa mara moja, bango lilipobandikwa pale Mailimoja na nyuma ya bega la staa likaonekana sikio langu la kushoto. Nilimpeleka mke wangu akalione. Mama Shija alilitambua papo hapo, akasema, "Ndilo hilo, lisilosikia nikiita."

Basi kazi yangu ilikuwa hiyo, sikio nyuma ya bega la mtu. Watu wanaiita kazi ya pembeni. Sawa, lakini mwondoeni wa pembeni muone. Staa akisema "Baba, nampenda huyu," na baba hajashtuka, hakuna anayemwamini staa. Mimi ndiye niliyekuwa nashtuka. Nimeshtuka kwa ustadi mpaka daktari wangu wa presha akaniuliza ninafanya kazi gani.

Sikusomea. Nilitoka Urambo na cheti cha darasa la saba, nikapata kazi ya karani wa stoo hapa Kibaha, na nilipokuwa na miaka thelathini na minne nikajiandikisha madarasa ya jioni. Nilikaa dawati moja na watoto wanaoniita mjomba. Mwalimu wa Kiswahili, Mwalimu Theresia, aligundua kwamba kila nikisoma kwa sauti, watu wa barabarani wanasimama. Alisema sauti yangu inafika Mlandizi. Yeye ndiye aliyenitia kwenye mchezo wa kufunga mwaka, na huko ndiko watu wa filamu walikoniona. Cheti cha kidato cha nne nilikipata, kimetundikwa sebuleni juu ya picha ya harusi. Mama Shija amelalamika sana kuhusu mpangilio huo. Nimemwambia harusi ilichukua siku moja, cheti kilichukua miaka minne.

Sasa somo. Filamu yangu ya kwanza niliigiza kwa mwili mzima. Nyusi zilipanda, zilishuka, mikono ilifanya kazi kama ya askari wa barabarani. Kulikuwa na mzee mmoja wa Kisarawe, Mzee Jongo, aliyekulia kwenye michezo ya redio, marehemu sasa. Kamera ilipozimwa akaniita kando.

"Baba Shija, ulikuwa unafanya nini pale?"

"Naigiza, mzee."

"Acha. Hujamsikiliza mwenzio hata neno moja. Amekwambia mwanao amekufa, wewe unangoja zamu yako."

Akanifundisha kitu ambacho nimestaafu nacho. Mwenzio akisema, mtazame jicho moja tu. Ukitaka kutazama yote mawili, macho yako yanacheza, na kamera inakuona kama mwizi. Chagua moja, kaa nalo, na usikilize kama mtu anayeelekezwa njia ya kwenda hospitali. Ukifanya hivyo uso utajua wenyewe la kufanya.

La pili ni la chakula, na hili nililijua kwa kuteseka. Kwenye karamu ya kumposa binti, waliweka kuku mzima mbele yangu. Mimi nilikuwa sijala tangu asubuhi, nikaona huu ndio ukweli wa sanaa, nikamshambulia paja, kidari, mpaka shingo. Mwongozaji akasema, "Vizuri sana mzee, turudie." Wakaleta kuku wa pili. Tukarudia mara saba, kwa sababu bwana harusi alikuwa anasahau jina la bibi harusi. Ukianza sini, yaani kipande kimoja cha tukio, huku unakula, ni lazima kila tukirudia ule vilevile, ama sivyo kwenye filamu kuku ataonekana anakua tena. Kuku wa tano nilikula huku machozi yananitoka, na mwongozaji akasifia kwamba nimeonyesha uchungu wa baba anayemtoa mwanawe. Tangu siku hiyo, kwenye chakula cha filamu mimi huchukua tonge dogo, nalizungusha kwenye mchuzi, nalipeleka karibu na mdomo, halafu nakumbuka jambo la kusema. Nimehudhuria karamu mia kwa matonge yasiyojaza kijiko.

Zamani mambo yalikuwa mepesi na magumu. Hapakuwa na muswada. Asubuhi mnakunywa chai na maandazi, mwongozaji anawasimulia hadithi, kila mtu anajua anamchukia nani, mnaanza. Maneno unatunga mwenyewe. Kamera moja, wiki moja, filamu mbili. Nguo unakuja nazo kutoka kwako. Mimi nilikuwa na suti moja, ya kahawia, na ile suti ilifanya kazi kuliko mimi. Siku moja jirani yangu alikuwa anaoa kule Kwala, akaniomba. Nikampa. Jumatatu nikaambiwa, mzee, ile sini ya kuingia mlangoni tuliipiga wiki iliyopita, leo tunapiga ukiwa umeshaingia. Suti iko Kwala, fungate. Basi kwenye filamu ile, tafuteni muone, nagonga mlango nikiwa na suti ya kahawia, mlango unafunguliwa, naingia nikiwa na kanzu. Siku hizi kuna binti mwenye kishikwambi anapiga picha vifungo vyako kimoja kimoja. Nampenda binti yule. Angekuwepo wakati ule ningekuwa nimeheshimika mapema.

Sasa niwaambie habari yenyewe niliyotaka kuwaambia, maana hii ndiyo inayowahusu. Ni habari ya siku nilipokaribia kutolewa kazini kwa kuzikwa.

Kwenye maisha yangu yote ya filamu, orodha ya waigizaji ilikuwa inaniandika "Mzee wa Kwanza", au nikiwa na bahati mbaya, "Mzee wa Pili". Nikaja kupata tamthilia ya televisheni, na humo nikapewa jina. Mzee Mihambo, Mnyamwezi wa Tabora aliyehamia Pwani, mwenye shamba kubwa na watoto wasiopatana. Nilikuwa na umri wa miaka sitini na moja. Miaka miwili mfululizo nilikuwa Mihambo. Nikipita sokoni watoto wananiamkia kwa jina la Mihambo, na mimi naitika marahaba kwa sauti yake. Nyie hamjui maana ya jina mpaka muwe Mzee wa Pili kwa zaidi ya miaka ishirini.

Simu ikaja kutoka kwa mwongozaji wetu, kijana wa Dar anayeitwa Fadhili, tulimzoea kumwita Dairekta.

"Shikamoo mzee wangu."

"Marahaba, Dairekta. Sauti yako imepoa."

"Kuna habari si nzuri sana. Mzee Mihambo anafariki."

"Kwa ugonjwa gani?"

"Presha."

"Lini?"

"Alhamisi, asubuhi. Maziko mchana."

Nikamwuliza kama hawezi kulazwa kwanza hata vipindi viwili. Akasema mwandishi ameshaamua, wanataka watoto wagombee urithi, na urithi haugombewi baba akiwa hai. Nikamwambia hapa Kibaha nawajua wanaougombea baba akiwa hai na anawasikia. Akacheka, lakini hakubadilisha. Ikawa Alhamisi nazikwa, Ijumaa mimi ni mstaafu asiyependa kustaafu. Kwa umri ule, ukitoka kwenye tamthilia moja, ya pili haikuoni. Nililijua hilo kama ninavyojua jina la mama yangu.

Nilipomwambia Mama Shija hakuuliza kuhusu kazi. Aliuliza, "Watakulaza kwenye jeneza?"

"Ndivyo inavyofanyika."

"Baba Shija, nimekuvumilia kuoa wanawake tisa kwenye televisheni. Ukilala kwenye hilo sanduku, usije kulala kwenye kitanda changu."

Na alimaanisha. Nikampigia Dairekta, nikamwambia nitakuja kwenye maziko yangu, lakini ndani ya jeneza siingii. Akasema freshi, jeneza litakuwa limefungwa, nani atajua.

Maziko yalipangwa Chole. Siyo ile ya kisiwani, hii yetu ya Kisarawe, huko ndani. Kwenye tamthilia ndiko lilikokuwa shamba la Mihambo. Jeneza tuliliazima kwa fundi seremala wa Kisarawe mjini, na fundi alitupa masharti mawili: lirudi siku ileile, na asigonge mtu msumari hata mmoja. "Likirudi na tundu," alisema, "nani atalitaka?" Kwa hiyo mfuniko uliwekwa juu tu. Tafadhali mlikumbuke hilo la mfuniko.

Tukafika, vijana wakachimba kaburi. Hawajamaliza kupangusa jasho, mwenyekiti wa kitongoji akaja, mtu mpole mwenye baiskeli, akalitazama shimo muda mrefu.

"Mnamzika nani humu?"

Dairekta akasema, "Hakuna mtu, mzee. Ni filamu. Tukimaliza tutafukia."

"Kaburi tupu halifukiwi hapa kwetu. Mkishachimba, kuna kitu lazima kilale humo. Katafuteni mgomba, mkate shina, mlizike. Ama sivyo nitawaomba mwondoke nalo shimo lenu."

Wale vijana wa Dar wakatazamana. Mimi nikasema mwenyekiti yuko sahihi, hata kwetu Urambo shimo la kaburi haliachwi hivihivi. Na kikazi nikaona faida: jeneza tupu linabebwa kama trei ya maandazi, wabebaji wanatabasamu. Shina la mgomba lina uzito wa mtu mzima mwenye wasiwasi. Likakatwa la kimo changu, likatiwa kwenye jeneza, wabebaji wakainua, mabega yakashuka vizuri. Dairekta akafurahi. Juu ya mfuniko akaweka koti langu la Mihambo na kofia yake, ili watazamaji wapate uchungu.

Zikabaki sura za waombolezaji. Wanakijiji walikuja wengi, wamevaa vizuri, kanga zimenyooka. Dairekta akapanda kwenye sanduku la vifaa.

"Wazazi wangu, shikamooni."

"Marahaba."

"Ombi langu ni moja. Msiigize. Fanyeni kama mnavyofanya kwenye misiba yenu. Hivyohivyo."

Kulikuwa na bibi mmoja mwembamba mbele, Bi Siwatu, amejifunga kanga kiunoni kama anayekwenda kulima. Akauliza, "Hivyohivyo, mwanangu?"

"Hivyohivyo, bibi."

"Na huyu marehemu kabila gani?"

"Mnyamwezi, bibi. Wa Tabora."

Bi Siwatu akamtazama mwenzake, mwenzake akamtazama yeye. "Haya," akasema.

Mimi nilikuwa nimekaa nyuma ya kamera na kikombe cha chai. Ile "haya" niliisikia. Kwa nyie mliozaliwa mjini: Wazaramo na Wanyamwezi ni watani, tangu enzi za misafara ya kubeba mizigo kutoka bara. Mtani akifiwa, mwenzake haji kulia. Anakuja kufanya vituko mpaka wafiwa wasahau kulia. Anaweza kulala kwenye kaburi akasema hapa pangu, anaweza kuficha jembe, anaweza kuvaa nguo za marehemu na kutembea kama yeye. Ni haki yake, na wafiwa hawaruhusiwi kununa. Na Dairekta wangu, aliyesoma filamu mpaka cheti cha nje, alikuwa amemruhusu Mzaramo wa Chole amfanyie hivyohivyo Mnyamwezi aliyekufa ugenini.

Ningeweza kumwambia. Sikumwambia. Mtu anayekwenda kuzikwa kabla ya siku zake ana haki ya kunyamaza.

Kamera ikawashwa. Mchungaji wa kuigiza akasoma. Watoto wangu watatu wa kwenye tamthilia wakasimama kwenye ukingo, na yule mkubwa ndiye staa wetu, kijana mzuri anayeitwa Jerry, ambaye kulia ni mpaka apakwe dawa machoni. Alikuwa amepakwa nyingi. Jeneza likaletwa taratibu, likawekwa chini.

Bi Siwatu akatoka kwenye kundi, akalikalia.

Akatulia juu yake kama kwenye kigoda cha jikoni. Mchungaji wa kuigiza akasahau mstari. Dairekta akafungua mdomo, mpiga picha wake akamnong'oneza, "Ngoja, inatoka vizuri." Bi Siwatu akachukua koti langu, akalivaa, mikono ikamfunika vidole. Akavaa kofia. Halafu akasimama, akatembea.

Wanangu, nimejiona kwenye televisheni mara nyingi, lakini sijawahi kujiona kama siku ile. Bibi alikuwa amenitazama asubuhi nzima wakati napasha koo kwa maneno ya Mihambo, mimi sina habari. Mtani mwenzake akamwuliza, "Mzee Mihambo, watoto wanataka shamba, unasemaje?" Bi Siwatu akakohoa mara mbili. Akajipapasa kidevu. Akatazama juu angani, akakaa huko muda, kana kwamba jibu linashuka na parachuti. Kisha akasema kwa sauti nzito, "Tutalizungumza."

Watu waliangua kicheko mpaka ndege wakaruka. Binti wa kishikwambi alijificha uso. Dairekta alinigeukia, akaona ninavyoona, akageuka haraka. Kwa sababu ndiyo, ndivyo nilivyokuwa naigiza. Kikohozi mara mbili, kidevu, angani. Kila swali, kila kipindi, miaka miwili. Mzee Jongo alinifundisha kusikiliza, na mimi, jina lilipokuja, nikaanza tena kungoja zamu yangu. Bibi ambaye hajawahi kusimama mbele ya kamera alinionyesha hilo kwa dakika moja, akiwa amevaa koti langu. Aibu niliisikia masikioni, likiwemo lile la kwenye bango.

Lakini mambo hayakuishia hapo. Bi Siwatu akawaambia wenzake, "Hatuziki mtani bila kumuaga. Tumuone uso." Na kabla mtu hajasogea, wale watani wawili wakashika mfuniko. Ulikuwa hauna msumari hata mmoja. Ukainuka kama wa sufuria.

Ndani, shina la mgomba, limelala chali.

 Nikaona mkono wa Dairekta unapanda ili akate. Niliushika. Sijawahi kumshika mwongozaji mkono katika maisha yangu yote ya kazi, na nyie msijaribu. Nikamwambia kwa pumzi tu, "Mtazame Jerry."

Jerry hakuambiwa chochote kuhusu mgomba, alikuwa amekaa kwenye gari lenye kipupwe wakati wote tunaukata. Alikuwa amesimama, mdomo wazi, macho yameganda kwenye lile shina, na dawa ya machozi inamtiririka bila yeye kujua. Miaka miwili nimecheza na kijana yule, siku hiyo ndiyo aliyoona kitu kwa mara ya kwanza.

Bi Siwatu akainama, akaupigapiga mgomba kwa kiganja, akatikisa kichwa. "Wanyamwezi hawa," akasema. "Hata kufa wanatuma mwakilishi." Watu wakacheka tena, lakini yeye hakucheka. Akamgeukia Jerry, akamwuliza kama mama anavyomwuliza mtoto, "Mwanangu, baba yako yuko wapi?"

Jerry akasema, "Sijui, bibi." Kwa sauti ambayo hakuna mwandishi angeweza kumwandikia.

Hapo ndipo Dairekta akakata, na hapo ndipo akalipuka. Nani aliwaambia wafungue, nani kaharibu sini, turudieni mara moja. Nikamwambia, "Uliwaambia wafanye kama kwao. Wamefanya." Akamwomba Bi Siwatu warudie, safari hii asikalie jeneza.

"Tumzike mara mbili?" bibi akasema. "Ana cheo gani?"

Na kweli, hapakuwa na muda wa kurudia. Jeneza lilikuwa na miadi na mwenyewe, mwendo mpaka Kisarawe mjini si mfupi, na wanakijiji walikuwa wameshaanza kukunja mikeka. Dairekta akakaa kwenye sanduku la vifaa, ameshika kichwa. Hapo nikajua nina dakika mbili hivi za kuokoa kazi yangu, na nikakumbuka Jongo: usiigize. Nikakaa chini mbele yake, nikamtazama jicho moja.

"Dairekta, nani aliyeweka mgomba kwenye jeneza la Mzee Mihambo?"

"Sisi tumeweka, mzee, acha utani."

"Kwenye hadithi. Nani kauweka? Watoto? Yeye mwenyewe? Na kama yeye hayumo, yuko wapi? Na kati ya watoto watatu, yupi anajua? Uso wa Jerry unasema yeye hajui. Basi wamebaki wawili."

 Nikaona kichwa kinaanza kufanya kazi. Akaomba aone picha, mpiga picha akamwonyesha. Akaitazama mara moja, akarudia, kisha akachukua simu na kwenda kupanda kwenye kichuguu kikubwa nyuma ya uwanja, mahali pekee penye mtandao, kumpigia mwandishi.

Nyie mtapita kwenye kungoja kwingi katika kazi hii. Utangoja jua, utangoja umeme, utangoja staa aamke. Lakini sijawahi kungoja kama nilivyomngoja mtu juu ya kichuguu. Nilimwona anapunga mkono, anazunguka, anasikiliza, anasema tena. Bi Siwatu alikuja akasimama karibu yangu, bado na koti langu.

"Mtani, yule kijana anazungumza na nani?"

"Na mtu anayeamua kama nimekufa."

"Mwambie mimi nimeangalia. Haumo."

Niwaambie kidogo yaliyofuata baadaye, kisha tumalizane. Niliporudi kwenye tamthilia, nilirudi bila kikohozi, bila kidevu, bila angani. Nikiulizwa swali nilimtazama mtu jicho moja na kumjibu. Mama mmoja pale sokoni akaniambia, "Mzee Mihambo, siku hizi umebadilika, inaonekana uliteseka sana huko ulikojificha." Hiyo ndiyo tuzo yangu, sina nyingine, na sijaiwekea kabati. Niliigiza miaka minne zaidi, nikastaafu kwa mguu wangu, siku niliyoitaka mimi. Kwa hiyo ukisikia mtu anakuiga mtaani, kijana, usinune. Kaa, tazama mpaka mwisho. Amekufanyia kazi ambayo mwongozaji wako anaona haya kuifanya.

Basi Dairekta akashuka kwenye kichuguu. Alikuja taratibu, akasimama mbele yangu, akanitazama kama mtu anayenidai maelezo.

"Mwandishi anauliza, mzee. Muda wote huu ulikuwa umejificha wapi?"

Nilikuwa nimeshaandaa. "Kwala," nikasema. "Kuna bandari kavu, malori usiku na mchana, kila mtu anatafuta mzigo wake. Nani atamtafuta mzee?"

Akaangalia chini, akatingisha kichwa, kisha nikaona anatabasamu. "Jumatatu, saa mbili asubuhi," akasema. "Usichelewe."

Mwenyekiti wa kitongoji alikuwa bado amesimama na baiskeli yake, hajaondoka, na shimo bado liko wazi. Kazi ya kamera ilikuwa imekwisha, vifaa vimeingia kwenye gari, lakini mgomba tulikuwa tumeuahidi. Ukatolewa kwenye jeneza, jeneza likapanguswa, likapakiwa bila tundu lolote. Tukaushusha mgomba kaburini sisi na wanakijiji, Jerry naye akashika kamba. Nikapewa jembe. Nikatupa udongo wangu pamoja na wengine, na sitaki kuwadanganya, mkono ulikuwa mzito kidogo, maana lile shina lilikuwa limekatwa kwa kimo changu.

Shimo likajaa. Mwenyekiti akashukuru, akapanda baiskeli. Bi Siwatu akavua lile koti, akalikung'uta vumbi, akanivalisha mwenyewe, bega hili, bega lile, akanifunga kifungo.

"Haya, mtani," akasema. "Tumekuzika vizuri. Sasa nenda kazini."